Hapa Hakuna wa Nyuma

Nianze kwa kusema kwamba nimekasirika, msije mkadhani nawaficha. Mimi ni Fuarosa, fundi cherehani wa hapa Otara, mtaa wetu Wasamoa mjini Auckland, na kwa miaka ishirini na mbili nimemshonea Losivale Fuatavai nguo za kuchezea. Kiuno chake nakijua kuliko changu. Ninayemsimulia hapa ni mtu niliyempima kwa mikono yangu, na mengi ya haya niliyaona kwa macho.

Tulikuwa watatu katika darasa moja la shule ya Jumapili: mimi, Losi, na binamu yake Moelagi. Losi alifiwa na wazazi akiwa na miaka minne, akachukuliwa na shangazi yake Akenese, ambaye ndiye mama mzazi wa Moelagi. Wasichana wale wawili walilala kitanda kimoja na kuvaa gauni moja kwa zamu. Kila Oktoba, Jumapili ya Watoto, sisi wadogo tulicheza na kuimba kanisani huku wazazi wamejipanga na mavazi yao meupe, na kila Oktoba Moelagi aliwekwa mbele kuimba, Losi akawekwa nyuma yake. Hakuna aliyeona ubaya. Moelagi alikuwa na sauti, ila hatua zilikuwa zinampotea, na Losi alikuwa akimnong'oneza kutoka nyuma: kulia, kulia tena, geuka. Shangazi Akenese alidhani wanasali.

Basi hivyo ndivyo walivyoishi hata walipokua. Moelagi akawa Moe, mwimbaji wa mabango na redio, na Losi akawa mnenguaji wake. Miaka kumi na sita. Brisbane, Suva, Honolulu, hadi Los Angeles. Wako watu wanaodhani unenguaji ni kutikisa tu nyonga huku taa zinawaka. Losi alikuwa anakariri nafasi za wenzake wote watano, akiumwa mmoja yeye anajua pa kuziba. Alibadilisha nguo gizani kwa sekunde arobaini, ndiyo maana nilikuwa namwekea vifungo vya kubana badala ya zipu. Shoo ikiisha anatumbukiza miguu kwenye ndoo ya barafu, anakula mayai mawili ya kuchemsha, analala. Na hatua zile, zile ambazo wasichana wa Auckland nzima walikuwa wakizicheza kwenye vituo vya basi, alizitunga yeye, jikoni kwa Shangazi, kwa soksi.

"Mnenguaji mzuri," alikuwa akiniambia mdomo umejaa pini zangu, "siku asipokuwepo watu wanasema mwimbaji leo anaumwa."

"Na siku akiwepo?"

"Wanasema mwimbaji leo mzima. Kaza hapo ubavuni, Fua."

Goti likamwisha Losi kule Brisbane, wimbo wa nne, watu elfu tisa wakitazama na wala hawakujua, maana alimaliza wimbo. Kesho yake Moelagi alikaa kitandani kwa Losi hospitalini, akamshika mkono, akalia mpaka nesi akamletea maji. Mimi nilikuwepo, nilikuwa nimesafiri nao kwa ajili ya mavazi. Nilisikia kwa masikio yangu haya.

"Dada, tutafungua shule," Moelagi alisema. "Mimi na wewe. Jina lako litakuwa ukutani, kubwa, watu walione kutoka barabarani. Umekaa nyuma yangu inatosha."

Losi hakuwa mtu wa kuomba. Lakini lile neno alilichukua, akalifunga moyoni, akatembea nalo miaka sita.

Hakungoja hiyo shule ndipo aanze kufundisha. Alipata ukumbi wa kanisa Jumanne na Alhamisi, akaanza na watoto watano na redio ya kaseti. Vioo hakuna, kwa hiyo wakati wa baridi, giza likiingia mapema, watoto walijitazama kwenye madirisha. Alikuwa mkali. Ukichelewa unafagia. Ukimsalimia rafiki yako kabla ya kumsalimia mkubwa, unarudi mlangoni uingie upya. Alifundisha miguu, halafu mikono, halafu lile jambo gumu kuliko yote, kumpisha mwenzako bila kununa. Mwaka wa sita walikuwa thelathini na saba. Na katika hao alikuwepo Ianeta.

Ianeta alikuja na miaka kumi na mmoja, mabega juu, mdomo mrefu, hajui kulia wala kushoto. Losi alimfundisha kutembea kwanza. Alimpa chakula, akamwombea ruhusa kwa baba yake, akampeleka mashindano ya shule kwa gari langu. Alipofika miaka kumi na saba, binti yule akinyoosha mkono unasahau ulikuwa unasema nini. Losi hana mtoto. Yaliyobaki yajazeni wenyewe.

Moelagi alikuwa anakuja pia, mara moja moja, miwani kichwani, na mfuko wa panikeke za moto, maandazi yetu ya mviringo. Anakaa nyuma ya ukumbi, anakula, anarekodi kwa simu.

"Unarekodi nini, we?" nilimuuliza siku moja.

"Kumbukumbu ya shule yetu, Fua. Si unajua mambo yanaiva?"

Somo baada ya somo alirekodi. Namna Losi anavyohesabu, namna anavyowapanga, mazoezi ya kufungua nyonga, yote. Na Losi anamsogezea kiti aone vizuri!

Sasa nifike kwenye dhambi yangu, kwa sababu nawasema watu na mimi pia nimo. Mwezi wa tano Moelagi alikuja dukani kwangu, akaagiza mavazi arobaini ya kuchezea, rangi ya samawati, yenye herufi M kifuani. Amekodi jumba Manukau, akasema, vioo ukuta mzima. Nikamuuliza Losi anajua? Akaweka kidole mdomoni.

"Ni mshangao. Ukimwambia nitakunyonga kwa futi yako hiyohiyo."

Herufi M. Mimi fundi, naishona herufi M mara arobaini, na wala sijiulizi L iko wapi! Nilitaka kuamini, nikaamini. Tena nikafanya kibaya zaidi: wiki ya ufunguzi, Losi alipopata kadi ya mwaliko, nilishindwa kuzuia mdomo wangu.

"Vaa vizuri," nikamwambia. "Chana nywele. Jiandae kuitwa mbele."

Alinitazama. "Kuitwa na nani?"

"Mimi sijasema kitu."

Akaelewa. Sijawahi kumwona vile. Nilimshonea puletasi mpya, lile vazi letu la gauni na sketi, kijani cha jani la taro, yaani gimbi, akasimama mbele ya kioo changu akijitazama ubavu huu na ubavu ule. Njiani alikuwa anafanya mazoezi ya hotuba, polepole, akidhani simsikii kwa ajili ya injini. Hotuba yenyewe ilikuwa fupi. Alikuwa anamshukuru Moelagi.

Tulifika. Ukutani, kubwa, unaliona kutoka barabarani: SHULE YA DANSI YA MOE. Na chini yake: HAPA HAKUNA WA NYUMA. Losi akasema labda jina lake liko ndani. Tukaingia. Ndani kulikuwa na vioo, na mbele ya vioo walisimama watoto wake. Watoto wake wenyewe, thelathini na mmoja, wamevaa samawati niliyoshona mimi. Mbele yao Ianeta, na begani ameshonewa utepe wa mwalimu msaidizi. Wakacheza. Zilikuwa hatua za Losi kuanzia ya kwanza mpaka ya mwisho, hata kile kikohozi chake kidogo kabla ya kuhesabu walikuwa wamekiiga.

Moelagi akachukua maiki. Akamshukuru Mungu, mama yake, mkopeshaji wake, diwani, na mtu aliyefunga vioo. Losi alikuwa amekwisha kusogea hatua mbili mbele, mikono ameikutanisha, uso uko tayari. Nilikuwa nimesimama nyuma yake, namwona kisogo. Moelagi akasema, "Karibuni vinywaji." Losi akabaki palepale, kati ya watu na meza, na puletasi yake mpya, mpaka mhudumu mmoja akamwambia samahani mama, unaziba njia.

Nikamrudisha Otara kwa gari. Tulipofika kwake akauliza, "Yale mavazi umeshona wewe?"

"Mimi."

"Umeyashona vizuri?"

"Vizuri."

"Basi angalau hawatachanikiwa," akasema, akafunga mlango wa gari taratibu. Afadhali angenitukana.

Moelagi alikuja siku ya tatu, na sinia la keki, kana kwamba kuna mtu kajifungua. Nilikuwa jikoni kwa Losi namenya taro, na sikutoka.

"Dada, usininunie," akaanza. "Wale waliotoa mtaji walitaka sura inayojulikana. Mimi ningefanyaje?"

"Ungesema jina langu," Losi alimjibu. "Mara moja. Hata kwa kukosea."

"Nilisahau. Nilikuwa na hofu."

"Ukisahau huwa nakunong'oneza. Ungegeuka tu. Nilikuwa hapohapo."

Moelagi akabadilika uso. "Na wewe usijifanye umeibiwa. Hatua ni za Wasamoa wote. Kesho utadai na mikono ni yako?"

"Watoto je?"

"Watoto wana miguu, Losi. Wamekuja wenyewe. Muulize Ianeta kama kuna aliyemfunga kamba."

Nikasimama na kisu changu cha taro. "We Moelagi, toka. Toka kabla sijasahau tulibatizwa siku moja."

Akatoka. Keki aliziacha, na sisi tukawatupia kuku wa jirani.

Losi hakumuuliza Ianeta kitu. Alingoja Ianeta aje mwenyewe, aseme hata "shikamoo". Nyumba zao zimeachana mitaa miwili. Juma zima, mwezi mzima, binti hakuja. Akimwona Losi sokoni Jumamosi anapinda kwenye vibanda vya maua. Na hili ndilo lililomla Losi, nataka mwelewe. Jumba lilimuuma, ukuta ulimuuma, lakini lililomnyima usingizi ni kwamba mtoto aliyemfundisha kusalimia hakumsalimia. Ukumbini wakabaki watoto sita, baadaye wanne.

Mwezi wa nane Shangazi Akenese akatimiza miaka themanini. Alituita wote mapema akatuonya kwamba siku yake haitaki sura za msiba. Ukumbi ulijaa Jumamosi ile mchana, nguruwe watatu, mapishi ya majani ya taro na tui hadi pa kuweka sahani hakuna. Watoto wa samawati waliletwa watumbuize. Na mwisho, kama inavyofungwa kila shughuli yetu, binti wa nyumba akatoka kucheza taualuga: Moelagi, na taji refu la manyoya kichwani, peke yake katikati.

Sisi taualuga hatumwachii mtu acheze peke yake. Anayecheza katikati anatulia, mikono yake inasema polepole, na ndugu zake wanainuka pembeni kumfanyia aiuli: wanaruka, wanapiga kelele, wanajifanya wapumbavu, wanajiviringisha sakafuni miguuni pake. Kadiri wao wanavyojishusha ndivyo yeye anavyopanda. Asiyeinukiwa na mtu, ni kama amesimama uchi. Na katika ukoo ule, tangu wakiwa na miaka saba, wa kwanza kuinuka kwa Moelagi ni Losi. Wengine humfuata. Hiyo ni desturi ya nyumba yao na kila mtu ukumbini anaijua.

Ngoma ikaanza. Ndugu wakamtazama Losi. Losi akatazama meza.

Watoto wa samawati walikuwa zaidi ya ishirini pale. Mwalimu wao yuko katikati anacheza, na wao wamefanya nini? Wametoa simu, wanarekodi. Hawakuwa na nia mbaya. Wamefundishwa kila mtu yuko mbele. Wa kujitupa chini atatoka wapi? Moelagi akazunguka mara ya kwanza. Sakafu tupu. Akazunguka mara ya pili, na mimi nikaona kidevu chake kinatetemeka. Nikafurahi. Nasema ukweli, nilifurahi hadi nikaona haya.

Ndipo Shangazi Akenese akashika mikono ya kiti chake, akaanza kujiinua. Miaka themanini, nyonga ya bandia. Losi akaruka kama aliyeunguzwa.

"Kaa, Mama. Nyonga hiyo haijamaliza hata mwaka."

"Binti yangu yuko peke yake," Shangazi alisema.

"Nimeona. Kaa."

Akavua viatu. Na goti lake lile bovu, akatoka mbio, akapiga yowe lililotikisa mabati, akajitupa chini, akaviringika ukumbi mzima mpaka miguuni pa Moelagi. Ukumbi ukalipuka. Wajomba, wakwe, watoto wake wanne, wote wakainuka. Moelagi akapanda, akang'aa, akawa malkia. Mimi nilibaki nimekaa, machozi yananitoka kwa hasira.

Ilipoisha Moelagi akamkumbatia, rangi za macho zinamtiririka. "Nilijua hutaniacha, dada."

"Sikuinuka kwa ajili yako," Losi akasema, akitafuta viatu vyake. "Mama alikuwa anainuka."

Ingeishia hapo ningenyamaza. Wiki mbili baadaye mteja wangu mmoja akanionyesha simu yake. Shule ya Moe wametangaza somo jipya: Aiuli, sanaa ya kumnyanyua mwenzako, kila Jumanne saa kumi na moja jioni, mwalimu Ianeta. Na video yake. Ni Losi, anaviringika sakafuni siku ile ya Shangazi. Uso wameukata, anaonekana kuanzia shingo kwenda chini.

Nilimpelekea mwenyewe, safari hii sikuficha. Akaitazama mara mbili.

"Jumanne," akasema. "Saa yangu ileile. Nipeleke."

"Ukafanye fujo? Nakuja na kisu changu."

"Sifanyi fujo. Nataka nione kama Ianeta atanisalimia. Akinisalimia tu, Fua, basi, vingine vyote nawaachia."

Jumanne ile, kwa mara ya kwanza katika miaka sita, watoto wa ukumbini waliambiwa hakuna darasa. Pale Manukau mapokezi alikuwa msichana mgeni, mchangamfu.

"Jina, mama?"

"Losivale Fuatavai."

Akaandika, akakosea, akafuta. "Umewahi kucheza?"

"Kidogo. Nyuma ya watu."

"Usijali," msichana alicheka, "hapa hakuna wa nyuma."

Losi akaingia peku, akasimama mstari wa mwisho, kati ya akina mama wawili wa Kizungu na kijana mmoja wa benki. Mimi nilikaa kwenye benchi la wazazi. Ianeta akaingia na utepe wake begani. Akamwona. Najua alimwona, kwa sababu chupa ya maji ilimtoka mkononi ikabingirika mpaka ukutani, na hakuifuata. Losi akamtabasamia. Alikuwa ameshafungua mdomo kidogo, tayari kuitikia.

Ianeta akageukia kioo. Akakohoa kile kikohozi kidogo, akaanza kuhesabu: tasi, lua, tolu. Darasa likaenda chini, Losi naye akaenda chini, na goti lake lile bovu. Mara ya pili, mara ya tatu. Kisha binti akasimamisha muziki, akasema kwa sauti ya mwalimu, akitazama juu ya vichwa vya watu:

"Mama pale mwisho, macho. Ukimfanyia mtu aiuli usitafute nani anakutazama. Mtazame unayemnyanyua. Tena."

Losi akarudia. Macho akayaweka pale alipoambiwa. Alipomaliza akainuka kwa kushika ukuta, akaniashiria twende.

Kwenye gari nilikuwa natafuta tusi la kumtosha yule mtoto, napata mawili matatu, hayatoshi.

"Usimtukane," Losi akasema.

"Nisimtukane? Amekusahihisha mbele za watu kama hakujui!"

"Alikuwa sahihi. Nilikuwa natafuta kama ananitazama." Akafunga mkanda, ukamshinda, akaufunga tena. "Na yale maneno ni yangu, Fua. Kila neno. Nilimfundisha mimi."

Hapo ndipo alipolia. Tangu tukiwa watoto sikuwahi kumwona Losi analia, na nilikaa pale na ufunguo mkononi nikashindwa hata kuwasha gari.